Singo ya elektroniki kwenye santuri: inchi 7 au inchi 12?

Swali la msomaji: "Sisi ni bendi ya watu watatu hapa Kampala. Tunatumia sintesaiza mbili, mashine ya ngoma, na ndugu yetu mmoja anapiga engalabi (ngoma ndefu) na empuunyi (ngoma ya besi). Tuna wimbo wa dakika 6 na sekunde 40, mapigo 134 kwa dakika, na rimiksi yake ya dakika 7 na sekunde 10. Tunataka kutoa santuri 300 tu, za inchi 7, nyekundu zenye madoa meusi, kila moja iwe na namba yake, ziwe tayari kwa msimu wa matamasha. Kiwanda kimoja cha Ulaya kimetutumia fomu ndefu. Je, masta (faili ya mwisho ya wimbo) tuliyopakia mtandaoni itatosha? Na kwenye fomu tujaze nini?"

Jibu

Jazeni inchi 12, mizunguko 45 kwa dakika, plastiki nyeusi, mkato wa laka (yaani sahani ya kwanza ikatwe kwenye bamba laini la laka). Masta ya mtandaoni haitafaa, tengenezeni nyingine. Fedha mtakayookoa kwa kuacha rangi na madoa itieni kwenye mkato na nakala za majaribio, kwa sababu huko ndiko singo ya elektroniki inakookolewa au kuharibiwa. Najua jibu hili linapingana na karibu kila mnachokitaka, kwa hiyo nitaeleza kwa hesabu.

Inchi 7 ilitolewa na RCA Victor mwaka 1949 kwa ajili ya nyimbo za dakika tatu hivi. Sehemu inayoweza kubeba mifereji ina upana wa milimita 30 tu, kuanzia karibu milimita 84 kutoka katikati hadi karibu milimita 54. Wimbo wenu una sekunde 400. Kwa mizunguko 45 kwa dakika, sahani itazunguka mara 300 kabla wimbo haujaisha. Gawanyeni milimita 30 kwa 300: kila mzunguko unapata sehemu ya kumi ya milimita. Mfereji wenyewe, hata ukiwa kimya, unakula zaidi ya nusu ya nafasi hiyo, na besi inapopiga mfereji hutakiwa kuyumba kushoto na kulia. Nafasi ya kuyumba haipo. Mkataji, yaani fundi anayechonga mifereji kwenye sahani ya kwanza, atakuwa na njia moja tu, kushusha sauti yote mpaka mifereji isigongane, na mtapata santuri inayonong'ona huku vumbi na mikwaruzo vikisikika zaidi ya sintesaiza.

Kwenye inchi 12 mna karibu milimita 86. Mizunguko ileile 300 inapata milimita 0.29 kila mmoja, karibu mara tatu. Mkataji hatahitaji hata kuitumia yote. Akiipa besi yenu nafasi nzuri, wimbo utaisha zikiwa zimebaki sentimita kadhaa kufika kwenye lebo, na hilo lina faida ya pili ambayo watu wengi hawaifikirii.

Sahani huzunguka kwa mwendo uleule mwanzo hadi mwisho, lakini sindano ikiwa nje inapita juu ya plastiki nyingi zaidi kwa kila sekunde kuliko ikiwa ndani. Kwenye inchi 12 ya mizunguko 45, ukingoni sindano inasafiri karibu sentimita 69 kwa sekunde. Wimbo wenu ukikatwa kwa nafasi pana utaishia kwenye karibu sentimita 47. Kwenye inchi 7 ya mizunguko 45 unaanza na 40 tu na kuishia 25. Mkishuka hadi mizunguko 33⅓ ili wimbo utoshee kwenye inchi 7, mwisho wake utafika sentimita 19 kwa sekunde. Mawimbi ya sauti za juu, yaani hai-hati (matoazi), sauti za "s" na "sh", na lile kofi la engalabi, yanabanwa mpaka ncha ya sindano haiwezi kuingia kwenye kona zake. Yanatoka yakiwa yamechanika. Na muziki wa dansi una tabia ya kuweka kilele chake mwishoni, palepale ambapo santuri ina nguvu ndogo kuliko popote. Ndiyo sababu vilabu vya New York vilihamia singo za inchi 12 katikati ya miaka ya 1970: wimbo mrefu, besi nzito, sauti kubwa.

Kama moyo wenu umeshikamana na inchi 7, iko njia ambayo wanamuziki wa Afrika Mashariki waliitumia kwa miongo mingi, enzi ambazo benga na rumba zilichapwa Nairobi: wimbo mmoja unagawanywa, Sehemu ya 1 upande A, Sehemu ya 2 upande B. Dakika 6 na sekunde 40 zikikatwa katikati ni dakika 3 na sekunde 20 kila upande, mizunguko 150, milimita 0.2 kwa kila mmoja. Hiyo ni singo nzuri kabisa. Rimiksi mtaiacha mtandaoni. Tafuteni tu mahali pa kukata ambapo ngoma zinabaki peke yake, mpunguze sauti taratibu mwisho wa Sehemu ya 1, na Sehemu ya 2 ianze hapohapo kwa nguvu. Lakini kati ya njia hizi mbili, kwa bendi yenye empuunyi na sintesaiza ya besi, mimi nachagua inchi 12 bila kusita.

Sasa masta.

Faili mliyopakia mtandaoni bila shaka imebanwa kwa limita, kifaa cha kuzuia vilele vya sauti, mpaka vilele vyote viko bapa. Kwenye simu inasikika kubwa. Kwenye santuri haiongezi ukubwa wowote, kwa sababu ukubwa wa sauti ya santuri unaamuliwa na mkataji kwa kutazama urefu wa upande, wingi wa besi na wingi wa sauti za juu. Akipokea faili iliyobanwa ataishusha tu, na mtakuwa mmepoteza pigo la ngoma bila kupata chochote. Isitoshe, kabla ya kukata, sauti hupitishwa kwenye mpangilio wa RIAA (chama cha kampuni za rekodi za Marekani), kanuni iliyokubaliwa tangu miaka ya 1950, inayopunguza besi na kupandisha sauti za juu. Kwenye herzi 10,000 nyongeza ni karibu desibeli 14. Pleya yenu hugeuza mpangilio huo wakati wa kusikiliza. Maana yake hai-hati iliyo kali kidogo kwenye kompyuta inafika kwenye kichwa cha kukatia ikiwa kali mno. Koili za kichwa hicho hupata moto. Vichwa vya Neumann vinavyotumika sehemu nyingi hupozwa kwa gesi ya heli kwa sababu hiyo. Mkataji hatakubali kuunguza kifaa chake, atashusha upande mzima kwa ajili ya hai-hati yenu moja.

Kwa hiyo rudini kwenye miksi, ondoeni limita ya mwisho, na mtoe WAV ya biti 24 kwa kasi ileile ya sampuli mliyorekodia. Msiibadilishe kutoka kiloherzi 44.1 kwenda 96 mkidhani inaongeza ubora. Vilele viachieni desibeli 3 hadi 6 chini ya kikomo. Kateni kila kitu kilicho chini ya herzi 25 au 30: hakuna muziki huko, na mkono wa pleya una mtetemo wake wa asili kwenye herzi 8 hadi 12 ambao ukichokozwa hurusha sindano. Juu ya herzi 16,000 punguzeni kwa upole. Sauti za "s" zishughulikieni kwenye njia ya mwimbaji peke yake, kati ya herzi 5,000 na 10,000. Msipitishe kifaa cha kuzipunguza juu ya miksi nzima, maana kitaifuta na engalabi pamoja nazo.

Halafu kuna jambo linaloharibu singo za elektroniki kuliko yote: besi iliyotandazwa kwa stirio. Mfereji wa santuri una kuta mbili, kila moja imelala kwa nyuzi 45 na kubeba upande mmoja wa stirio. Sauti iliyo sawa kushoto na kulia humfanya mkataji ayumbishe mfereji kwa mlalo. Sauti iliyo tofauti kati ya pande mbili hufanya mfereji uinuke na kushuka kwa kina. Besi nzito yenye kinyume kati ya kushoto na kulia huinua kikatio mpaka mfereji unakuwa mwembamba sana au unakatika kabisa, na sindano ikifika hapo inaruka. Sintesaiza nyingi huja na madoido ya korasi au ya upana yaliyowashwa kiwandani. Zimeni kwenye sauti yoyote ya besi. Na empuunyi, kama mliirekodi kwa maikrofoni mbili, moja juu na moja karibu na ngozi, geuzeni fezi (mwelekeo wa wimbi) ya mojawapo na msikilize kwa mono, yaani kushoto na kulia vikiwa vimeunganishwa: hali ambayo besi inajaa ndiyo sahihi. Kila kitu chini ya herzi 150 kiwe mono kamili. Mkataji ana kifaa cha kufanya hivyo mwenyewe, lakini kifaa chake hakijui ipi ni empuunyi na ipi ni mwangwi wa chumba, ninyi mnajua.

Jaribio rahisi: geuzeni miksi nzima iwe mono na msikilize kwa spika moja. Kitu kikipotea au kikinywea, kwenye santuri kitaleta matatizo.

Kama mnataka kipimo cha kusikilizia, tafuteni santuri za Nihiloxica, kundi lililoanzia Kampala kwa kuunganisha ngoma za Buganda na sintesaiza. Lilitoa kazi yake ya kwanza kupitia Nyege Nyege Tapes mwaka 2017, kisha albamu kupitia Crammed Discs ya Brussels mwaka 2020. Sikilizeni jinsi ngoma kubwa inavyokaa katikati na ngoma ndogo zinavyotawanyika pembeni. Mpangilio wa aina hiyo ndio unaokatika vizuri.

Turudi kwenye fomu. Swali la laka au DMM (Direct Metal Mastering) linahusu sahani ya kwanza kabisa. Laka ni bamba la alumini lililopakwa nitroselulosi laini. DMM ni bamba lenye tabaka la shaba. DMM hupunguza hatua za kunakili na hutoa sauti safi za juu, na kwa pande ndefu ni nzuri. Kwa upande mfupi wenye besi kubwa, laka inaruhusu mfereji mpana na wa kina zaidi. Upungufu wake ni kwamba laka huanza kulegea mara ikishakatwa, hivyo inatakiwa kupakwa fedha na kuwekewa nikeli haraka. Hakikisheni anayekata na anayeweka nikeli wako jengo moja au wana utaratibu wa kupelekeana mara moja. Pia mjue kwamba Februari 2020 kiwanda cha Apollo Masters huko California kiliungua, na ulimwengu ukabaki na mtengenezaji mmoja mkubwa wa bamba za laka, MDC ya Japani. Kukata upya si jambo la bei ndogo, na hiyo ni sababu nyingine ya kuleta masta iliyo tayari.

Kutoka kwenye laka hupatikana nakala ya nikeli iitwayo baba, kisha mama, kisha stampa, chuma kinachochapa santuri zenyewe. Stampa moja huchapa nakala zaidi ya 300 bila kuchoka, kwa hiyo seti moja inawatosha. Ombeni kiwanda kimtunze mama. Mkihitaji toleo la pili mtalipia stampa tu.

Uzito: andikeni gramu 140. Gramu 180 zinasikika vizuri kwenye tangazo, lakini mfereji una kina kilekile kwenye zote mbili. Kwenu tofauti ni gramu 40 mara 300, kilo 12 za mzigo wa ndege mtakazolipia bure.

Rangi. Plastiki nyeusi ndiyo ambayo mashine nyingi zimezoea, na mafundi wanajua joto lake. Madoa hutengenezwa kwa kuongeza chembe za rangi nyingine kwenye donge la plastiki kabla mashine haijafunga, na chembe hizo haziyeyuki sawasawa na donge. Plastiki isipojaza mfereji vizuri husikika kama karatasi inayochanwa, kwa kawaida upande mmoja wa spika, na huonekana kama mabaka ya kijivu ukiiinamisha santuri kwenye mwanga. Kama ni lazima iwe na rangi, chagueni rangi moja tupu inayopitisha mwanga. Santuri zenye picha msiziguse kabisa kwa muziki wenye vipindi vya ukimya.

Sehemu ya maandishi ya mwisho wa mfereji haigharimu kitu au hugharimu kidogo sana, na watu huiacha wazi. Ni ule ukanda laini kati ya mwisho wa wimbo na lebo. Mkataji ataandika namba ya katalogi, na mnaweza kumwomba aongeze maneno machache, methali ya Kiganda kwa mfano, kwa herufi kubwa zilizoandikwa wazi kwenye fomu maana yeye hajui Kiganda. Kwa toleo dogo hili lina thamani kubwa kuliko madoa ya rangi, kwa sababu limo ndani ya chuma kilichochapa santuri yenyewe.

Na kwa kuwa ninyi ni bendi ya elektroniki, fikirieni mfereji uliofungwa, ule unaojirudia bila mwisho mpaka mtu ainue sindano. Hapa hesabu haina huruma: kwa mizunguko 45 mzunguko mmoja ni sekunde 1.333, hivyo mapigo yanayoingia humo bila kuchechemea ni ya mwendo wa 90, 135 au 180 kwa dakika. Wimbo wenu una 134. Pandisheni mradi mzima hadi 135 kabla ya kutoa masta mpya, na mapigo matatu yatakaa kwenye mzunguko mmoja sawasawa. Kwa mwendo wa 134 kila mzunguko ungejikwaa. Mapigo matatu badala ya manne yatawasumbua madijei wengine, ila kwa midundo ya Buganda inayogawika kwa tatu yana mantiki yake. Mwambieni mkataji mapema, na mumpe kipande hicho kama faili tofauti.

Lebo ya katikati ina kipenyo cha milimita 100 na haigundishwi kwa gundi. Inaingia kwenye mashine pamoja na plastiki na kushikana kwa joto. Karatasi yenye unyevu hutoa mvuke na kuvimba, ndiyo maana viwanda huzikausha lebo kwanza, na ndiyo maana lebo zichapwe kiwandani wala zisitumwe kutoka Kampala. Andikeni A, B na "45" kwa ukubwa unaosomeka gizani. Dijei akiicheza kwa 33⅓ atadhani ni wimbo mwingine.

Jalada, kinyume chake, lifanyeni nyumbani. Agizeni santuri zije kwenye mifuko ya ndani ya karatasi yenye utando wa plastiki, bila jalada la nje, kisha mchape Nasser Road, mtaa wa wachapaji wa Kampala. Jalada lililofungwa ni milimita 315 kwa 315. Pande mbili, mgongo wa milimita 3 na kikunjo cha gundi vinaingia kwenye karatasi moja ya B2, milimita 500 kwa 707. Ombeni kadi ya gramu 300 hadi 350. Jengeni jalada moja tupu kwanza, mtie santuri ndani, muone kama inaingia bila kusukumwa, ndipo mchape zote. Wino uachwe ukauke kwa siku kadhaa kabla ya kuingiza chochote. Mfuko wa nje uwe wa polithini ngumu kiasi. Ile plastiki laini inayong'aa ya kufunikia vitabu vya shule ni PVC yenye vilainishi, na baada ya muda huacha ukungu kwenye santuri ambao hautoki kwa kuosha. Nailoni inayobanwa kwa joto nayo msiitumie, maana huendelea kubana na kupinda kadi.

Wengine hupenda kufunga toleo maalumu kwa lubugo, kitambaa cha magome ya mutuba. Linapendeza na ni la kwetu. Lakini lubugo hudondosha nyuzi, kwa hiyo likae nje ya jalada tu, lisikaribie mdomo ambako santuri inaingilia.

Kuhusu namba: msichape "nakala 300" popote kabla ya kuhesabu. Mikataba mingi ya viwanda huruhusu pungufu au ziada ya asilimia 10, na mnalipia kilichofika. Mnaweza kupokea 278, mnaweza kupokea 325. Subirini mzigo, toeni zenye kasoro, wekeni pembeni chache za kubadilishia wateja, kisha amueni idadi na mpige mihuri ya namba kwa mkono. Toleo lililoandikwa 300 lenye nakala 278 linaeleweka. Lenye 325 ni uongo kwa watu walionunua kwa kuamini idadi, na wakusanyaji hawasahau.

Nakala za majaribio zitakuwa tano hivi. Hapa msifanye haraka. Hakikisheni kwanza pleya yenu inazunguka sawa: umeme wa Uganda ni volti 240 na herzi 50, na pleya ya mtumba kutoka Marekani yenye mota inayofuata herzi 60 itazunguka polepole kwa asilimia 17, yaani 45 inakuwa 37.5, hata mkitumia transfoma. Transfoma hubadilisha volti, haigusi herzi. Pimeni kwa programu ya simu kabla ya kumlaumu mtu yeyote. Wekeni uzito wa sindano kama mtengenezaji wa katriji (kichwa kinachoshika sindano) alivyoandika. Nyingi za nyumbani ni karibu gramu 2, za madijei 3 hadi 4.

Sikilizeni kila upande wa kila nakala mwanzo hadi mwisho, kwa hedifoni, bila kufanya kazi nyingine. Mlio wa "tak" unaorudi kila sekunde 1.33 unatokana na alama inayokatiza mifereji. Ukisikika mahali palepale kwenye nakala zote, upo kwenye stampa au nyuma yake, na mna haki ya kukataa. Ukiwa kwenye nakala moja tu, ni vumbi au bahati mbaya ya chapa hiyo. Sauti inayopanda na kushuka polepole, inayosikika zaidi kwenye noti ndefu za sintesaiza, inamaanisha tundu haliko katikati. Hai-hati iliyochanika upande wote ni masta au mkato. Iliyochanika mwishoni tu ni sehemu ya ndani ya sahani. Sindano ikiruka, jaribuni pleya ya pili kabla ya kuamua. Zile pleya za sanduku zenye mkono mwepesi wa plastiki huruka kwenye besi yoyote ya maana, na singeshusha mkato mzuri kwa ajili yao. Mkikataa, andikeni upande, dakika na sekunde, nakala zipi kati ya tano, na pleya ipi. Malalamiko ya "haisikiki vizuri" hayatajibiwa.

Kiwanda pia kitataka tamko la haki. Kama wimbo ni wenu wote watatu, mpiga ngoma akiwemo, andikeni mgawanyo wenu, muusaini, na msajili kazi hiyo UPRS, chama cha Uganda cha kusimamia haki za wanamuziki. Kama kuna kipande cha sauti kilichochukuliwa kwenye rekodi ya mtu, hata cha sekunde mbili, pateni ruhusa ya maandishi sasa. Viwanda husimamisha kazi kwa jambo hili, na Sheria ya Hakimiliki ya 2006 haina kipimo cha sekunde zinazosamehewa.

Gharama zina sehemu mbili: zisizobadilika, yaani kukata, nikeli na majaribio, na za kila nakala. Tuseme kwa mfano tu za kwanza ni euro 700 na kila nakala ni euro 3. Nakala 100 zitagharimu euro 10 kila moja, 300 zitagharimu 5.33, na 500 zitagharimu 4.40. Kutoka 100 kwenda 300 unafuu ni mkubwa. Kutoka 300 kwenda 500 ni mdogo, na hizo 200 za ziada zinaweza kubaki chini ya kitanda. Idadi yenu mmeichagua vizuri.

Swali ambalo hamkuuliza ni wapi santuri ziende. Zote 300 kwa ndege, pamoja na mifuko na makatoni, ni zaidi ya kilo 50. URA, mamlaka ya mapato ya Uganda, hutoza ushuru juu ya thamani ya mzigo, kisha VAT ya asilimia 18 juu ya jumla hiyo, pamoja na kodi ya zuio ya asilimia 6 kwa asiye na msamaha, na tozo nyingine ndogo. Mwambieni wakala wa forodha aangalie kifungu 8523 cha vyombo vilivyorekodiwa, na ankara iandike wazi kwamba ni santuri za muziki. Kama wanunuzi wenu wengi wako Ulaya, kuleta zote Kampala kisha kuzirudisha moja moja kwa posta ni kulipa mara mbili. Ningeleta 100, na 200 ningeziacha kwa msambazaji wa huko pamoja na majalada mliyoyachapa Nasser Road, ambayo yakiwa bapa bila kugundishwa husafiri vizuri. Kodi ya ongezeko la thamani ya nchi hiyo itaingia, iulizieni mapema.

Zitakazofika hapa zisimame wima kwenye rafu, zisilale kwa mrundo, na zisikae chini ya mabati wala kwenye gari lililofungwa juani. Plastiki hii huanza kulegea kabla ya nyuzi 80 na buti la gari mchana wa Gulu au Arua ni mahali pa hatari. Karibu na ziwa adui ni unyevu: ukungu hula kadi kabla haujafika kwenye santuri, kwa hiyo rafu iachwe na nafasi kati yake na ukuta. Mkituma nakala moja kwa posta, toeni santuri nje ya jalada, ikiwa kwenye mfuko wake wa ndani, na muiweke nyuma ya jalada. Ikiachwa ndani hupasua kingo za kadi njiani.

Kwa tarehe, hesabuni kurudi nyuma kutoka siku ya tamasha. Wekeni miezi mitano tangu kutuma masta hadi mzigo kutoka uwanja wa ndege wa Entebbe: majaribio huchukua wiki kadhaa, mkiyakataa mara moja mnaanza upya sehemu hiyo, na kiwanda hakitachapa mpaka kipate idhini yenu kwa maandishi. Majalada yachapwe wakati mnasubiri majaribio, isipokuwa ile nafasi ya namba, iacheni tupu.